Naombeni ushauri: nimetakiwa kuweka dhamana niuze mahindi ya serikali, mume anataka tupeleke hati ya nyumba

MamaNafaka
Habari zenu wakuu. Nipo Mwanza, nauza nafaka soko la Igoma, mwaka wa tisa huu. Leseni ninayo, TIN ninayo, kodi nalipa.

Nimepata nafasi ya kuwa wakala wa kuuza mahindi ya akiba ya serikali kwa bei elekezi. Tani 20 kwa kuanzia. Mzigo napewa kwanza, fedha narejesha kila wiki mbili. Ghala wamelikagua: mlinzi, chaga za kupangia magunia, mizani yenye muhuri wa Wakala wa Vipimo. Hapo wameridhika.

Kinachoninyima usingizi ni dhamana ya shilingi milioni 4. Naweza kuleta fedha taslimu, dhamana ya benki, au hati ya nyumba. Mume wangu anasema tupeleke hati, fedha ibaki kwenye mzunguko. Nyumba ni hiyo hiyo moja tunayolala na watoto. Halafu kuna kifungu kinasema "upungufu wowote wa uzito utakatwa kwenye dhamana." Ni kawaida hiyo? Nina hadi Ijumaa.

Kapeto
Usiweke nyumba dada. Hati ikitoka kabatini kurudi ni shughuli.

MzeeWaGhala
Mwanangu, nimekaa kwenye maghala ya nafaka zaidi ya miaka 20. Dhamana yenyewe ni halali, wala usiione kama uonevu. Sisi tulipanga foleni ya unga wa yanga, ule wa mahindi ya njano, miaka ya 80, tukaona muuza duka anafunga dirisha huku magunia yamejaa uani. Chakula cha watu lazima kishikiwe kitu.

Ila hicho kifungu cha uzito kitakumaliza. Mahindi yakipokelewa na unyevu wa asilimia 13.5, ambacho ndicho kiwango cha juu kinachokubalika, halafu yakakauka kwenye ghala lako la bati mwezi Julai hadi asilimia 12, tani 20 zinapungua karibu kilo 340. Ni magunia matatu na nusu. Hujaiba, hujamwaga, maji tu yameondoka! Bado hujahesabu wadudu dumuzi wanaotoboa mahindi na kinachodondoka makuli wakishusha.

Fanya hivi. Siku ya kupokea, chukua bambo, kile chuma chenye ncha cha kuchotea sampuli ya nafaka, choma magunia ya kila upande wa lori, hata ya katikati, usikubali kuonyeshwa ya juu peke yake. Unyevu upimwe mbele yako, uandikwe kwenye hati ya makabidhiano, wote msaini. Pima uzito kwa mizani ile ile utakayouzia. Halafu waombe waandike kiasi cha upungufu kinachovumiliwa, na kwamba kinachozidi hapo ndicho kikatwe. Wakigomea hilo, chukua tani 5 kwanza.

Wakili_wa_Kirumba
Kuhusu nyumba: Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, kifungu cha 59, inamzuia mwanandoa kuiweka rehani nyumba ya familia bila ridhaa ya mwenzake. Hata kama hati ina jina la mumeo, sauti unayo. Usisaini karatasi ya ridhaa kwa kuona aibu.

Pia soma dhamana inachukuliwaje. Je, wanakupa notisi ya maandishi na siku za kujibu, au wanakata ndipo unaambiwa? Na inarudi baada ya siku ngapi mkataba ukiisha? Kama mkataba umenyamaza, omba iandikwe. Ahadi ya mdomo dirishani haitakusaidia.

Sengerema_Boy
Dhamana ya benki nayo si bure. Utalipa kamisheni, na mara nyingi wanakuzuilia fedha kwenye akaunti au wanataka rehani vilevile, kwa hiyo unaweza kuzunguka ukarudi kwenye nyumba ile ile. Mimi niliweka taslimu kwa kazi ya kusambaza vyakula shuleni. Kazi ikaisha salama, fedha nikaifuatilia miezi saba kwa sababu stakabadhi haikuandikwa neno "dhamana". Waliihesabu kama malipo ya kawaida. Hakikisha neno hilo lipo.

Bugando_Hill
Nilisoma India. Kule maduka ya mgao wa chakula cha serikali yana leseni na wenye maduka huweka dhamana serikalini. Akipunja wateja inaweza kutaifishwa. Mteja anaweka kidole kwenye mashine ndipo anapimiwa. Wenye maduka waaminifu waliipenda mashine, maana kila kilo ina kumbukumbu. Dada, hata daftari tu: tarehe, jina, kilo, saini.

MamaNafaka
Asanteni sana, Mungu awabariki. Jana usiku nimemsomea mume ujumbe wa mzee, akachukua kalkuleta akapiga mwenyewe. Amenyamaza, kisha akasema hati ikae.

Tutaanza na tani 5, taslimu, wakikubali dhamana ishuke kwa uwiano huo. Kesho asubuhi naenda na barua ya kuomba vifungu viwili: upungufu unaovumiliwa na siku za kurudisha fedha. Mzee, bambo la kukodi hapa mjini linapatikana wapi? La kwangu limepinda ncha.

MzeeWaGhala
Usikodi. Njoo Buhongwa, nina mawili. Nitakuja na wewe siku ya kupokea.