Mjadala: Je, Guido Knopp aliwafundisha Wajerumani historia yao, au aliwapunguzia uzito wake?

Ningependa tujadili kazi ya Guido Knopp, mwanahistoria na mwanahabari wa Ujerumani ambaye tangu mwaka 1984 hadi alipostaafu mwaka 2013 aliongoza idara ya vipindi vya historia ya ZDF, televisheni ya umma inayoendeshwa kwa ada za wananchi. Wanaomtetea husema kwamba aliitoa historia ya Wanazi mikononi mwa maprofesa na kuifikisha sebuleni kwa mamilioni ya watu, na kwamba wanaomlaumu wanamwonea wivu tu. Sehemu ya kwanza ya hoja hiyo ni kweli. Ya pili siikubali.

Tazameni vipindi vyenyewe. Shahidi, aghalabu mzee, huketi mbele ya pazia jeusi, taa ikimmulika uso. Hutamka sentensi mbili tatu, muziki mzito hupanda, kisha huingia picha ya zamani au tukio lililoigizwa, na msimulizi akaendelea. Mwanamke aliyekimbia mabomu, askari wa zamani na mfungwa aliyenusurika kambini humulikwa kwa taa ile ile na kupewa muda ule ule mfupi, hata mtazamaji akose namna ya kupima nani alitenda na nani alitendewa.

Kosa kubwa zaidi, kwa maoni yangu, limo katika uteuzi wa mada. Kati ya mwaka 1996 na 2001 zilifuatana kazi kuhusu wasaidizi wa Hitler, wapiganaji wa Hitler, watoto wa Hitler na wanawake wa Hitler, kila kundi likitajwa kana kwamba ni mali ya mtu mmoja. Wako wapi basi wakazi wa Hamburg waliojitokeza mnadani kununua samani za Wayahudi waliokwisha kupelekwa kuuawa? Hao hawakuhitaji amri ya Hitler ili wapandishe bei ya kabati. Nakiri kwamba mfululizo wa mwaka 2000 kuhusu mauaji ya Wayahudi ulikuwa na utulivu zaidi, lakini haukubadilisha mwelekeo wa jumla.

Tena kuna suala la picha za kumbukumbu, ambazo nyingi zilipigwa na Wanazi wenyewe. Mwezi Mei 1942 wapiga picha wa Kijerumani waliingia katika geto la Warsaw, mtaa wa mji huo wa Poland ambamo Wayahudi walifungiwa, na kupanga baadhi ya matukio kwa manufaa ya propaganda yao. Kuziweka picha za namna hiyo chini ya muziki bila kueleza nani alishika kamera na kwa nini ni kumkaribisha mtazamaji atazame kwa jicho la mtesaji.

Nitaambiwa kwamba watu hawavumilii filamu ndefu za mazungumzo. Lakini mtengeneza filamu Mjerumani Eberhard Fechner alifuatilia kesi ya walinzi wa zamani wa Majdanek, kambi ya Wanazi nchini Poland, iliyosikilizwa Düsseldorf, Ujerumani, kuanzia mwaka 1975 hadi 1981, na kwa kuwa sheria haikuruhusu kupiga picha kesi ikiendelea, aliwahoji manusura, washtakiwa, mawakili na majaji nje ya mahakama. Alitengeneza sehemu tatu, jumla yake saa nne na nusu, zisizo na msimulizi anayemwelekeza mtazamaji afikiri nini, ambamo kauli ya mshtakiwa hufuatwa papo hapo na ya mwanamke aliyeteswa. Naye alikata na kuunganisha, tena kwa ustadi mkubwa, lakini ukataji wake uliziweka kauli zishindane. Filamu hiyo ilipotoka mwaka 1984 ilirushwa katika chaneli za mikoa, ziitwazo “chaneli za tatu”, si katika chaneli kuu ya taifa. Watazamaji hawakuikataa, waliokwisha kuamua kwa niaba yao ni wakuu wa vituo.

Sifa moja simnyimi Knopp. Mwaka 2011 mradi alioshiriki kuuanzisha ulituma basi kuzunguka Ujerumani likirekodi kumbukumbu za watu wa kawaida. Kwa sababu hiyo hiyo nadai kwamba mahojiano kamili yaliyofanywa kwa ajili ya vipindi vyake yafunguliwe kwa umma ulioyalipia, na kila picha ya Wanazi inaporushwa tena itajwe nani aliipiga. Anayemtetea na anieleze ni kwa hoja gani madai haya mawili yapingwe.