Kyoto kwa miguu na kundi dogo: nilipie mwongozaji au niende mwenyewe?

Mtumba_Mipango

Mbukwenyi wakuu.

Niko Dodoma, mtumishi wa umma upande wa mipango miji. Mungu akijalia, Novemba nakwenda Japani kwa mafunzo ya wiki sita, na tutalala Kobe. Ratiba imebana sana. Jumapili iliyo wazi ni moja tu, nami nimeamua iwe ya Kyoto, kwa sababu tangu nikiwa chuo nimekuwa nikisoma habari za mji ule na mitaa yake iliyonyooka.

Nimeona kuna matembezi ya miguu ya kundi dogo, watu wasiozidi wanane na mwongozaji mmoja, kama saa tano hivi. Wanataka yen 6,000, viingilio mbali. Mwenzangu wa ofisini anasema ni kutupa hela, simu ina ramani, jiendee mwenyewe. Posho ni ndogo na Januari nina ada ya mtoto, kwa hiyo nauliza kwa dhati: kuna tofauti kweli?

Jambo la pili, mimi ni Mkristo. Mahekalu ya watu naingiaje bila kuvunja imani yangu wala kuwakosea wao? Na baridi ya huko ikoje kwa mtu wa Dodoma?

BintiKolo

Mbukwenyi kaka. Lipia.

Nilikaa Kobe Novemba 2023 kwa mafunzo kama yako, na Kyoto nilikwenda mara mbili. Mara ya kwanza nilikwenda mwenyewe na simu mkononi. Nilitaka kumaliza kila kitu: hekalu la dhahabu la Kinkaku-ji kule kaskazini, kasri la Nijo, bustani ya mawe ya Ryoan-ji, soko la Nishiki. Nilishinda ndani ya mabasi. Nilirudi na picha zaidi ya mia mbili, mama akanipigia simu jioni kuniuliza nimeona nini, nikakosa la kumsimulia. Jambo hilo liliniuma. Wiki mbili baadaye nikalipia kundi dogo. Tulikuwa sita, na mwongozaji alikuwa mama wa makamo aliyezaliwa palepale. Kwa saa tano hatukutembea hata kilomita nne: tulianzia hekalu la Kiyomizu, tukateremka taratibu hadi mtaa wa kale wa Gion. Siku hiyo naikumbuka hatua kwa hatua.

Kiyomizu watu wote wanakimbilia kupanda kwenye ule ukumbi wa mbao unaoning'inia juu ya bonde, wapige picha. Yule mama alitupandisha kidogo tu, kisha akatuteremsha chini, akatuambia tusimame tuangalie juu. Hapo ndipo nilipoelewa. Ukumbi uko mita 13 kutoka ardhini, umebebwa na nguzo nene za mti wao unaoitwa keyaki, na katika jukwaa lile hakuna msumari hata mmoja. Boriti inapenya ndani ya nguzo kupitia tundu, kisha inakazwa kwa kabari. Jengo lililopo ni la 1633, baada ya lile la awali kuungua. Marehemu baba yangu alikuwa fundi seremala Kondoa mjini, milango ya mninga aliifunga kwa ulimi na tundu vilevile, na msumari kwake ulikuwa kama aibu. Nilisimama pale chini nikamlilia. Yule mama hakuniharakisha. Aliwapeleka wenzangu mbele hatua chache, akawasimulia habari nyingine mpaka nikawa tayari. Kaka, ramani ya simu haiwezi kukufanyia hivyo.

Habari aliyowasimulia nilikuja kuipata baadaye. Zamani watu walikuwa wakijirusha kutoka ukumbini wakiamini atakayepona atajaliwa haja yake. Kumbukumbu za hekalu zinataja walioruka 234, na wengi walipona kwa sababu chini kulikuwa na miti. Serikali ilipiga marufuku 1872. Mpaka leo Mjapani akitaka kusema amejitosa kwenye jambo kubwa, husema ameruka kutoka Kiyomizu. Pembeni kuna chemchemi ya Otowa yenye michirizi mitatu ya maji, mmoja wa umri mrefu, mmoja wa masomo, mmoja wa mapenzi. Unachagua. Kunywa yote mitatu wanaona ni uroho.

Ukiteremka unaingia njia ya ngazi za mawe, Sannenzaka. Wanaamini ukijikwaa ukaanguka pale utapata mkosi wa miaka mitatu, na kinga yake ni kibuyu. Ndiyo, kibuyu! Chini ya ngazi kuna duka linauza vibuyu vidogo vimefungwa kamba. Mimi nimekulia nyumba ambayo maziwa yalitikiswa ndani ya kibuyu, nikamweleza mwongozaji, na wenzangu kutoka nchi nyingine wakaacha duka wakanisikiliza mimi. Kundi la watu sita linawezesha hilo. Kwenye kundi la watu arobaini wanaofuata bendera, nani angekusikiliza?

Mbele kidogo kuna mnara wa Yasaka, orofa tano za mbao, mita 46, wa mwaka 1440. Sisi wa Dodoma ardhi ikitikisika usiku tunatoka nje na mashuka, basi nikauliza mnara huu unasimamaje katika nchi ya matetemeko. Akaeleza kuwa kati kuna nguzo moja kuu, na orofa zimepandana bila kukazwa kama kitu kimoja, kila moja inacheza kivyake. Wewe wa mipango miji utakuwa na maswali kuliko mimi, na hiyo peke yake inatosha kulipia.

Tena kwa kazi yako, mwombe akuonyeshe paa za mji. Kyoto ilikuwa makao ya mfalme tangu 794 mpaka alipohamia Tokyo 1869. Fikiria, mji uliondokewa na serikali baada ya miaka zaidi ya elfu moja! Sisi tuliamuliwa kuwa makao makuu 1973, na majengo ya serikali pale Mtumba yanaota sasa hivi mbele ya macho yetu. Mwaka 2007 manispaa yao ilishusha kikomo cha majengo katikati ya mji kutoka mita 45 hadi 31, na mabango ya biashara yakawekewa sheria ya ukubwa na rangi, ili milima isizibwe. Nilipokuwa nikisikiliza niliwaza kilima chetu cha Mlimwa.

Imani: mimi ni Mwislamu na sikulazimishwa kuinama wala kupiga makofi popote. Kwenye hekalu la Kishinto, dini yao ya jadi, wao hunawa mikono kwanza, la Kibuddha hawapigi makofi. Wewe simama pembeni kimya, vua viatu pale penye rafu ya viatu, vua kofia, usipige picha za sanamu ndani ukiona katazo. Mwambie mwongozaji mapema. Wangu hakushangaa hata kidogo, akawa ananiashiria pa kusimama. Kama kuna Mwislamu mwingine anasoma hapa, Kobe kuna msikiti wa 1935, wa kwanza Japani, uliopona mabomu ya 1945 na tetemeko la 1995. Niliswali Ijumaa zote pale. Ila chakula kiulizwe vizuri, maana supu nyingi za tambi zina mifupa ya nguruwe.

Niseme na hili. Mimi nimezaliwa Kondoa, michoro ya mapangoni Kolo iko karibu tu kwa barabara ya Babati, imeingia urithi wa dunia 2006, na nilikuwa nimepita pale shuleni mara moja tu nikakimbia kimbia. Niliporudi kutoka Japani nilikwenda tena, nikalipa mwongozaji, tukakaa mwamba mmoja saa nzima. Alinionyesha pale wazee wanapofanyia matambiko hata sasa. Nilikuwa sijui.

Kijana_wa_Makole

Dada BintiKolo umeeleza vizuri mno, ila naomba nitofautiane kidogo. Nimesoma Kyoto miaka miwili. Kiyomizu na Gion mwongozaji anahitajika, nakubali. Lakini hekalu la Fushimi Inari mkuu nenda mwenyewe, tena alfajiri. Kutoka kituo kikuu cha Kyoto ni kituo cha pili tu kwa treni ya kampuni ya reli ya JR, ukishuka lango liko mbele yako. Hakuna kiingilio, hapafungwi. Ni hekalu la 711 na mlima wake una mita 233, umefunikwa na maelfu ya malango mekundu yanayoitwa torii. Watu wanapanda, wanapiga picha, wanateremka. Ukiteremka angalia nyuma ya malango: kila nguzo ina jina la aliyeitoa na tarehe yake. Ni wafanyabiashara wanaoomba au kushukuru, kwa kuwa Inari ndiye mungu wao wa mpunga na biashara. Saa moja asubuhi unasikia ndege na viatu vyako tu. Saa nne huwezi kupita.

Kutoka Kobe, kituo cha Sannomiya, treni ya haraka inachukua dakika 50 hivi, nauli imezidi kidogo yen 1,000. Ukipanda ya alfajiri unafanya Inari mwenyewe, kisha unajiunga na kundi saa nne.

Gion kuwa makini. Tangu 2024 vichochoro vya binafsi vimefungwa kwa watalii, na kuna vibao vya faini ya yen 10,000. Wale mabinti wasanii (geisha) wenye nyuso zilizopakwa rangi nyeupe wanakwenda kazini, usiwazibie njia kwa ajili ya picha. Na barabara kubwa zinahesabika: Sanjo ni ya tatu, Shijo ya nne, Gojo ya tano. Ukilijua hilo hupotei.

Mzee_Kizota

Mwanangu, nilifika huko kikazi. Mwisho wa Novemba jua linazama kabla ya saa kumi na moja jioni. Usipange mambo kwa jua la Dodoma. Asubuhi ni nyuzi 7 au 8, chukua sweta na koti la upepo. Viatu viwe vilivyokwisha kuzoea mguu na rahisi kuvua, soksi zisiwe na tundu. Beba mfuko wa taka zako, mapipa barabarani hakuna.

Mtumba_Mipango

Shikamoo mzee, nimekupata. Dada BintiKolo, pole kwa baba, na asante sana. Kijana wa Makole, nimeuchukua mpango wako wa alfajiri.

Nimeweka nafasi leo mchana, nimemwambia mke wangu, kakubali. Swali la mwisho: mwongozaji anapewa bakshishi? Kiasi gani?

BintiKolo

Hapana kaka, bakshishi huko si desturi, unaweza kumtia aibu. Zawadi ndogo ya nyumbani inapokelewa kwa mikono miwili. Mimi nilimpa kanga niliyonunua soko la Majengo, imeandikwa "Wema hauozi". Aliniomba nimsomee mara tatu, kisha akaandika kwa herufi zao kwenye daftari lake. Ukipita Majengo chukua mbili, hujui utakutana na nani mwingine.