Naomba ushauri: kupima utando wa pentasini

Wakuu, naombeni msaada kwa wenye uzoefu na hadubini ya nguvu za atomi, ile inayopapasa uso wa sampuli kwa ncha kali sana na kuchora vimo vyake. Ninachunguza utando mwembamba wa pentasini, ile molekuli ya pete tano za benzini zilizoungana kwa mstari, uliowekwa kwa mvuke ndani ya ombwe juu ya oksidi ya silikoni. Picha zinaonyesha punje zenye matawi na ngazi za kimo cha takriban nanomita 1.5, karibu sawa na urefu wa molekuli yenyewe. Naamini basi molekuli zimesimama, jambo zuri kwa transista, maana chaji huvuka kwa urahisi zaidi zikiwa ubavu kwa ubavu.

Shida ni kwamba pentasini ina zaidi ya mpangilio mmoja wa fuwele, na kimo cha tabaka hutofautiana kwa takriban nanomita 0.1 tu. Je, hadubini inayofanya kazi hewani inaweza kuitofautisha mipangilio hiyo kwa uhakika, au niende kwenye mtawanyo wa eksirei, unaoonyesha nafasi kati ya tabaka kwa jinsi miale inavyotawanyika? Naelekea eksirei, ila sampuli ni chache na pentasini huoksidika ikikaa kwenye mwanga na hewa.

Mwaka 2009 watafiti wa IBM, Zurich, waliziona pete zote tano za molekuli moja kwa hadubini ya aina hii, lakini ncha yake ilibeba molekuli ya kaboni monoksidi, kwenye baridi kali ya takriban kelvini 5. Sihitaji kufika huko. Nataka kujua mpangilio nilionao kabla ya kupima upitishaji wa umeme. Na ninyi sampuli mnazihifadhije kati ya kipimo na kipimo?