Dakika 15 mbele ya menejimenti na nimerithi slaidi 34: naombeni ushauri

ZabibuNaMaji
Wakuu, habari za kazi. Nipo taasisi moja huku Mtumba, Dodoma. Jumatano ijayo saa 4 asubuhi nawasilisha taarifa ya robo ya pili (Oktoba hadi Desemba) ya mradi wa umwagiliaji wa matone kwa wakulima wa zabibu. Watakaokuwepo ni Mkurugenzi Mkuu na wakuu wa idara, jumla kama watu 14. Nimepewa dakika 15, maswali humo humo.

Slaidi nilizoachiwa ni 34: dira na dhima, majukumu ya idara, muundo, kisha majedwali ya Excel mwanzo mwisho. Hali halisi ni hii: ekari 74 zimeshatandazwa mabomba, zinazopata maji ni 31 tu, kwa sababu pampu zilizonunuliwa ni 3 na zinahitajika 7. Bajeti ya mwaka ni Sh. milioni 300, tumepokea milioni 180, tumetumia milioni 144. Tunataka kibali cha kuhamisha milioni 18 kutoka mafunzo (kuna salio la milioni 22) ili zinunuliwe pampu 4.

Nikate nini? Na sauti hunitetemeka nikisimama mbele ya wakubwa, hilo nalo naomba msaada.

Mpangaji wa Robo
Mkuu, jambo kubwa kuliko yote umeliweka mwisho wa maelezo yako. Kikaoni lipeleke mwanzo. Wakurugenzi wanaposikia mapema kwamba unaomba kibali cha milioni 18, kila takwimu inayofuata wanaipima kwa swali moja: je, inatosha kutushawishi? Wasipojua unachoomba, watauliza kuhusu posho na magari, na muda utaishia huko.

Hesabu ya muda kwanza. Ukiondoa dakika 5 za maswali unabaki na 10. Slaidi 34 kwa dakika 10 ni kama sekunde 18 kwa kila moja, hakuna anayeweza kusoma hivyo. Na hizo 10 usizijaze zote. Andaa maneno ya dakika 8, kwa sababu kubadilisha kompyuta, salamu na mtu kukukatiza katikati vitakula zilizobaki.

Slaidi 6 zinatosha. Ya kwanza ni ombi. Ya pili, ekari 74 na ekari 31. Ya tatu ni fedha. Ya nne ndiyo moyo wa wasilisho: kwa nini mabomba yapo na maji hayapo. Ya tano ni gharama ya kuchelewa. Ya sita, ombi tena, pamoja na nani atafanya nini na lini baada ya kibali kutoka.

Vichwa vya slaidi viandike kama sentensi kamili. "Hali ya Utekelezaji" haimwambii mtu kitu. "Ekari 43 zina mabomba lakini hazina maji" inamwambia hata aliyechelewa kuingia. Ukimaliza, soma vichwa vyote sita mfululizo bila kugusa yaliyo chini yake. Visipojenga hoja moja inayoeleweka, mpangilio bado una kasoro, na rangi nzuri hazitaiponya.

Dira, dhima na muundo ondoa kabisa. Waliomo ukumbini ndio waliovipitisha.

Hesabu Kwanza
Naunga mkono, ila slaidi ya tatu ina mtego na ndipo wengi hukwama. 144 kwa 300 ni asilimia 48. 144 kwa 180 ni asilimia 80. Zote mbili ni sahihi, lakini ukitaja moja peke yake, mkurugenzi wa fedha atataja ya pili na utaonekana ulikuwa unaficha. Ziweke pamoja na useme kila moja ni asilimia ya nini: "Tumetumia asilimia 80 ya fedha tulizopokea, sawa na asilimia 48 ya bajeti ya mwaka." Nusu ya mwaka wa fedha imeisha Desemba, kwa hiyo 48 si namba mbaya hata kidogo, iseme bila woga. Kisha onyesha salio la milioni 36 na kwamba 22 kati yake ni za mafunzo. Hapo ombi lako linajieleza.

Jiandae pia kwa swali hili, litakuja tu: mafunzo yakipungukiwa milioni 18, nani atakosa nini? Zinabaki milioni 4. Kama zinatosha kwa mafunzo yaliyobaki, onyesha kwa hesabu. Kama hazitoshi, taja kipi kitasogezwa mwaka ujao wa fedha. Ukijibu "tutaangalia", kibali kitaahirishwa.

Chati ya ekari iwe ya mihimili mitatu tu: zilizotandazwa mabomba, zenye maji, zisizo na maji. Kila mhimili uanzie sifuri. Ukianzia 20, ile 31 itaonekana ndogo mno kuliko ilivyo na mtu makini atakushika hapo hapo. Namba iandike juu ya mhimili wenyewe ili watu wasihangaike kutafuta maana ya rangi pembeni. Achana na chati zenye umbo la mche, zile za kuonyesha kina (3D), maana zinapotosha urefu.

Majedwali ya Excel chapisha kwenye A4, gawa kama kiambatisho. Ukutani usiyaweke.

Fundi wa Ukumbi
Niingie kwenye vyombo, maana huku ndiko dakika tano za kwanza hupotelea.

Nenda ukumbini siku moja kabla. Angalia projekta inapokea HDMI au VGA, na kompyuta yako ina tundu gani. Nyingi mpya zina USB-C peke yake, kwa hiyo beba kiunganishi chako. Picha isipotokea ukutani, bonyeza Windows pamoja na herufi P, chagua kurudufu (Duplicate). F5 inaanza wasilisho, Shift na F5 inaanzia slaidi uliyopo. Herufi B inafanya ukuta kuwa mweusi ukitaka watu wakutazame wewe, ukibonyeza tena picha inarudi. Na mtu akisema "turudie ile ya fedha", andika 3 kisha Enter, utafika moja kwa moja bila kurudi nyuma slaidi moja moja mbele ya watu.

Hifadhi nakala mbili kwenye flashi: ya PowerPoint na ya PDF. Kompyuta ya ukumbi isipokuwa na fonti uliyotumia, itaweka nyingine na maandishi yatavuka mipaka, wakati PDF haibadiliki. WhatsApp ya kwenye kompyuta ifunge kabisa. Na chapisha slaidi zako nakala 14, kwa sababu umeme ukikatika wasilisho linaendelea kwenye karatasi.

Ukubwa wa maandishi: kichwa 36, maelezo 28, usishuke chini ya 24. Kipimo cha uhakika zaidi ni hiki. Pima upana wa picha ukutani na umbali wa kiti cha mwisho. Picha ikiwa na upana wa mita 2 na kiti kipo mita 8, uwiano ni mara 4. Kioo cha kompyuta yako kikiwa na upana wa sentimita 34, simama umbali wa sentimita 136 usome. Usichokisoma hapo, mtu wa nyuma hatakisoma.

Saa 4 asubuhi jua la Dodoma ni kali na mapazia mengi ni mepesi. Tumia maandishi meusi kwenye nyeupe. Njano na kijivu hafifu hupotea.

Mama Itifaki
Wanangu, msimwambie akate kila kitu. Kikao kina mwenyekiti. Akisimama na kurukia milioni 18 bila kumtambua, ameanza vibaya na wakubwa. Salamu na itifaki ni lazima.

Mpangaji wa Robo
Mama shikamoo, upo sahihi na nilipaswa kulitaja. Sekunde 20 zinatosha: "Mheshimiwa Mwenyekiti, wajumbe, habari za asubuhi. Naomba niwasilishe." Kinachokula muda ni kumtaja kila mkurugenzi kwa cheo chake wakati mwenyekiti ameshawatambua.

Mama Itifaki
Marahaba. Hapo sawa. Na maswali yajibiwe kupitia kwa mwenyekiti, usibishane na mjumbe ana kwa ana.

Sauti ya Kati
Kuhusu kutetemeka. Mwili ukiogopa, pumzi inapanda kifuani na inakuwa fupi, sauti inakosa hewa ya kuibeba, ndipo inapotetemeka na kupanda juu. Kwa hiyo anza na pumzi. Dakika mbili kabla ya kuitwa, vuta kwa hesabu ya 4 tumboni, toa taratibu kwa hesabu ya 6 au 7, rudia mara tano au sita. Kinachotuliza zaidi ni ile pumzi ndefu ya kutoka.

Sentensi mbili za kwanza zishike kwa moyo, neno kwa neno. Zilizobaki usizikariri, kwa sababu anayekariri akisahau neno moja anapoteza njia yote. Andika kadi moja ya mkononi yenye namba zako: 74, 31, 43, 7, 3, 18. Karatasi ya A4 usiishike mkononi, mtetemo mdogo unaonekana mpaka nyuma. Kadi ngumu haionyeshi.

Fanya mazoezi umesimama, kwa sauti, saa ya simu ikihesabu. Kusoma kimyakimya hudanganya, siku zote utadhani wasilisho ni fupi. Ukizidi dakika 8, punguza maneno, usiongeze kasi.

Maiki ya mkono iwe kama sentimita 10 kutoka mdomoni, usifunike kichwa chake kwa kiganja na usipite mbele ya spika, vinginevyo itapiga mluzi. Hewa ya huku ni kavu, kunywa maji ya kawaida kabla ya kusimama. Baada ya namba nzito kama ekari 43, nyamaza sekunde mbili. Kwako zitaonekana ndefu, kwa msikilizaji ndio muda wa kuielewa.

ZabibuNaMaji
Asanteni sana, nimeshafika slaidi 6. Nimebaki na mawili. Slaidi ya tano naandika "Athari za kutopata fedha kwa wakati", naona imepooza. Na mwenyekiti akisema "una dakika tano tu", nifanyeje?

Hesabu Kwanza
Ya tano ifunge kwenye kalenda ya zabibu. Mvua zetu huishia Aprili, na mavuno ya Agosti na Septemba hulelewa kwa maji ya kumwagilia. Rudi nyuma kutoka hapo: ununuzi utachukua wiki ngapi, kufunga na kujaribu pampu wiki ngapi. Waulize watu wa manunuzi, usikisie. Kisha kichwa kiwe: "Kibali kikichelewa kupita tarehe fulani, ekari 43 zitaingia kiangazi bila maji." Tarehe hiyo ndiyo itakayowafanya waamue siku hiyo hiyo.

Mpangaji wa Robo
Kwa dakika tano: slaidi ya 1, ya 4 na ya 6, na namba mbili za fedha uzitaje kwa mdomo. Fanyia mazoezi toleo hilo pia. Ukiulizwa kitu usichokuwa nacho, sema: "Mheshimiwa Mwenyekiti, takwimu hiyo sina hapa, nitaiwasilisha kwa katibu wa kikao kesho kabla ya saa 6." Kisha iwasilishe kweli. Na kabla ya Jumatano mfuate mkurugenzi wa fedha ofisini kwake na slaidi ya tatu, dakika kumi tu. Kama ana pingamizi, bora ulisikie huko kuliko mezani.