Fuvu la Vaermina kwenye gemu ya Skyrim: mbona linapiga kidogo?

Wadau wa Tanga, salaam. Bakora ya Vaermina, yule pepo wa ndoto mbaya, inaitwa Skull of Corruption (ndiyo fuvu lenyewe), na inapunguza damu ya adui 20 tu. Imeharibika?

Jibu 1: Haijaharibika mkuu, ina njaa. Bila ndoto ni 20, ikishalishwa ndoto ni 50. Nenda usiku penye watu waliolala, chuchumaa, mlenge mtu aliyelala fofofo, achia. Akiwa macho huvuni kitu, unamuumiza tu na ugomvi unaanza. Mimi ningeanza na majambazi kambini, hao hawana wa kuwalilia.

Jibu 2: Na ambaye hajaipata je? Naona vijana wa Ngamiani wengi wanaikosa.

Jibu 3: Mtafute kasisi Erandur, mji wa Dawnstar, kwenye nyumba ya wageni ya Windpeak. Mfuate hekaluni mpaka mwisho. Anapoanza kisomo chake cha kuliharibu fuvu, Vaermina atakunong'oneza umuue ulichukue. Ukimwacha amalize, fuvu limekwenda na maji, ila yeye anakubali kuwa mwenzako wa safari. Hapo hapo kabla ya kisomo, sevu faili jipya, usifute la zamani. Umeme wetu mnaujua.

Jibu 1: Erandur ni mganga mzuri lakini. Mie fuvu ningeliacha.