Makaa ya mawe ya Ruhr: Ujerumani ilichelewa kufunga migodi, au ilifanya haki?

Wadau, naleta mjadala. Wengi wetu tulilijua jimbo la Nordrhein-Westfalen kwa masikio. Idhaa ya Kiswahili ya Deutsche Welle, iliyoanza 1963, ilitangaza kwa miaka mingi kutoka Köln, na tangu 2003 iko Bonn. Miji yote miwili imo katika jimbo hilo, ambalo kwa wakazi wake milioni 18 linaongoza Ujerumani nzima. Moyo wake wa viwanda ni Ruhr: Duisburg, Essen, Bochum na Dortmund zimeshikana hata ukiwa ndani ya treni huoni mji mmoja ulipoishia.

Kuna hoja inayorudiwa kila mara: kwamba Wajerumani walitupa fedha. Makaa ya Ruhr yalianza kukosa soko 1958, mafuta na makaa ya nje yalipokuwa rahisi zaidi, lakini mgodi wa mwisho, Prosper-Haniel wa Bottrop, ulifungwa Desemba 2018. Miaka sitini! Na kwa sehemu kubwa ya miaka hiyo ruzuku ya serikali ndiyo iliyoibeba migodi.

Naipinga hoja hiyo. Mwaka 1957 migodi ya makaa ya Ujerumani Magharibi iliajiri watu wapatao 600,000. Baadaye wakaongezwa vibarua kutoka Uturuki, kwa mkataba wa 1961. Mngewapeleka wapi wote hao kwa mkupuo? Badala yake mgodi mmoja ukifungwa, wachimbaji walihamishiwa mwingine, na wenye umri mkubwa walistaafishwa mapema kwa malipo. Vyama vya wafanyakazi vilikuwa mezani maamuzi yakipitishwa. Tazameni Uingereza baada ya mgomo wa 1984 na 1985, jinsi vijiji vya wachimbaji vilivyoachwa vijitegemee. Fedha iliyomwezesha baba kuendelea kulisha watoto wake siiiti hasara.

Ila watetezi wa mpango ule nao wanaruka jambo moja zito: ardhi. Kampuni za makaa na chuma zilimiliki maeneo makubwa ya Ruhr, na kwa miaka mingi zilikataa kuyauza kwa viwanda vipya, kwa kuogopa kunyang'anywa wafanyakazi. Kampuni ya magari ya Opel ilipata nafasi Bochum 1962, kwenye eneo la mgodi wa zamani. Wengine walikwenda kwingine. Hata chuo kikuu, eneo lile la mamilioni ya watu halikuwa nacho mpaka kile cha Bochum kilipofunguliwa 1965. Kwa hiyo ruzuku ilimlinda mfanyakazi wa siku ile, lakini mlango wa ajira ya mwanawe ulikuwa umefungwa na mwenye ardhi. Opel yenyewe ilifunga 2014. Gelsenkirchen, mji uliojengwa na makaa, umekuwa kwa miaka mingi miongoni mwa miji yenye ukosefu mkubwa wa ajira Ujerumani.

Na ardhi hiyo haijamaliza kudai. Baadhi ya sehemu zimedidimia zaidi ya mita 20, hivyo pampu lazima zivute maji daima, la sivyo mitaa itafurika. Wakfu wa RAG, kampuni iliyokuwa na migodi hiyo, ulioanzishwa 2007, ndio unaolipia kazi hiyo isiyo na mwisho.

Sasa zamu ni ya makaa ya kahawia, magharibi mwa Köln. Kijiji cha Lützerath kilihamwa kwa nguvu ya polisi Januari 2023 ili kupisha uchimbaji, huku RWE, kampuni ya umeme inayoyachimba, ikiwa imekubali kuacha makaa 2030 badala ya 2038. Mashimo ya makaa hayo ya Garzweiler na Hambach yamepangwa kuwa maziwa, yajazwe maji ya mto Rhine kwa miongo kadhaa. Mabishano mengi ni juu ya mwaka wa kufunga. Mimi nasema jimbo lishike ardhi ya kandokando mapema, kabla pampu ya kwanza haijawashwa, ili Ruhr isijirudie.

Mnaosema soko liachwe liamue, nijibuni hili: Ruhr ilipohitaji viwanja kwa ajili ya viwanda vipya, soko lilikuwa wapi?