Mkopo wa milioni 5, malipo karibu milioni 16: watu wa Malindi someni kabla hamjatia sahihi

Jamani, nina hasira na sitaificha. Juzi nimepewa stetimenti ya mkopo wetu wa nyumba, nikaketi nayo mezani na kikokotoo. Tulikopa Sh5 milioni mwaka 2019. Kufikia mwisho wa Septemba 2025 tulikuwa tumelipa karibu Sh4.8 milioni. Deni lililobaki: Sh4.5 milioni. Miaka sita na nusu mshahara wa mwalimu unakatwa kila mwezi bila kukosa hata mara moja, na deni limepungua kwa chini ya nusu milioni.

Benki siitaji, wakili amenizuia. Itoshe kusema ina tawi hapa mjini na wengi wenu mmepita mlangoni kwake.

Nieleze ilivyokuwa, maana najua wapo watakaosema tulikurupuka. Hatukukurupuka. Nyumba ni ya vyumba vitatu, nje kidogo ya mji, bei Sh6 milioni. Milioni moja tulikuwa nayo, tano tukaenda kukopa. Sisi tuliozaliwa huku tunajua hatimiliki safi ilivyo adimu. Nusu ya watu ninaowafahamu wana nyumba juu ya ardhi ya mtu mwingine, wanalipa kodi ya kiwanja kwa familia fulani na hawajui kesho itakuwaje. Ukipata nyumba yenye hati isiyo na kesi unaishika kwa mikono miwili. Benki zinalijua hilo vizuri.

Siku ya maelezo, afisa wa mikopo alitugeuzia skrini ya kompyuta. Palikuwa na namba moja kubwa: 58,579. Hayo ndiyo malipo ya kila mwezi, miaka 20, riba asilimia 13. Mume wangu akamuuliza, "Na jumla yake mpaka mwisho ni ngapi?" Yule kijana akamjibu, "Hiyo inategemea soko, mwalimu. Wewe tazama kama mshahara unabeba." Nikamwomba atuchapishie jedwali la mwezi kwa mwezi, lenye safu ya riba na safu ya deni. Akasema mfumo hautoi jedwali hilo mpaka mkopo uwe umeshapita. Tukaondoka na barua ya ofa, kurasa nyingi za Kiingereza cha mawakili, na jumla haimo hata mahali pamoja.

Jumla ni hii, nimeipiga mwenyewe: 58,579 mara miezi 240 ni Sh14,058,960. Kwa riba ileile ya asilimia 13, isipande hata nukta, mkopo wa milioni 5 unarudishwa kwa zaidi ya milioni 14. Namba hiyo kompyuta yao inaitoa kwa sekunde. Hawaitoi kwa sababu mtu akiiona atainuka kitini.

Sasa tazameni ndani ya malipo ya mwezi wa kwanza. Katika ile 58,579, riba ilikuwa 54,167. Iliyoingia kwenye deni ni 4,412. Yaani umelipa karibu elfu sitini na deni limepungua kwa pesa ambazo hazikuletei hata lori la mchanga. Mwezi wa pili inaongezeka kidogo, wa tatu kidogo tena, lakini miaka ya mwanzo ni riba tupu. Baada ya miaka mitano kamili tulikuwa tumelipa Sh3.5 milioni na deni limeshuka kwa Sh370,000. Hesabu za mikopo hii ndivyo zilivyo, riba inatozwa juu ya deni lililobaki, na mwanzoni deni lote bado liko. Hilo nalikubali. Nisilolikubali ni mtu kuwa analijua tangu mwanzo na kukutazama usoni asikwambie.

Halafu ikaja SMS ya Machi 2024. Mstari mmoja na nusu: kutokana na hali ya soko riba yako sasa ni asilimia 17. Benki Kuu ilikuwa imepandisha riba yake ya msingi, ile inayoongoza riba za benki nyingine, hadi asilimia 13 mwezi wa Februari, na benki yetu haikuchelewa hata kidogo. Malipo yakatoka 58,579 hadi 71,254. Tulipokwenda kulalamika wakatupa njia mbadala: tuendelee kulipa kile cha zamani, wao "watarefusha muda". Nikarudi nyumbani nikapiga hesabu. Riba ya mwezi mmoja kwa asilimia 17 juu ya deni letu ilikuwa Sh65,590. Ukilipa 58,579 hujamaliza hata riba. Deni linakua. Ungelipa mpaka wajukuu, lisingeisha. Na hilo walitupa kama msaada!

Tukalipa hiyo 71,254. Ada ya shule ya watoto ikaingia kwenye deni la jamaa, na kiwanja cha urithi wa mume wangu kule Gede tukakiuza.

Sasa sikilizeni upande wa pili. Kuanzia Agosti 2024 Benki Kuu ilianza kuteremsha. Kufikia Oktoba 2025 ile riba ya msingi ilikuwa 9.25, imeshuka kwa karibu nukta nne. Sisi tumeteremshiwa nukta moja, hadi 16, tena Oktoba 2025. Kupanda kulifika kwa SMS ndani ya mwezi. Kushuka kumechukua mwaka na zaidi, na kumefika kipande tu. Ikibaki hapo ilipo, jumla yetu itafika Sh15.8 milioni. Ongeza milioni moja tuliyotoa mfukoni, na nyumba ya milioni 6 inakaribia milioni 17.

Na hapo sijagusa gharama za kando. Ushuru wa stempu asilimia 4 ya thamani ya nyumba kwa mjini, kwetu Sh240,000. Ushuru mwingine wa asilimia 0.1 ya mkopo kwa kusajili rehani. Wakili wetu, na wakili wa benki ambaye pia tunamlipa sisi. Mthamini. Ada ya kushughulikia mkopo, ambayo nayo ina ushuru wa serikali juu yake. Bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto, kila mwaka mpaka mwisho. Ukimaliza kulipa kuna wakili tena wa kuondoa rehani kwenye hati. Weka na kodi ya ardhi ya kaunti ya Kilifi. Hakuna hata moja kati ya hizi iliyokuwa kwenye ile skrini.

Kina dada, hapa nazungumza nanyi. Sheria ya Ardhi ya 2012 inasema rehani ya nyumba ya ndoa si halali bila mwenza kutia sahihi au kukubali. Ndiyo maana mnaitwa benki siku ya mwisho, mnafunguliwa ukurasa wenye alama ya kalamu, mnaambiwa "hapa tu, mama". Sahihi hiyo ni nguvu uliyopewa na sheria. Usiitoe mpaka ujumlishiwe namba yote, kwa maandishi, kwa riba ya leo, na tena kwa riba iliyopanda nukta nne. Wakikataa, kalamu yako irudi mkobani.

Katika barua yetu kuna kifungu kinachosema benki ina hiari ya kubadilisha riba wakati wowote na kumjulisha mkopaji. Kitafuteni chenu, kwa kawaida kimejificha katikati. Lakini mjue pia kwamba Juni 2024 Mahakama ya Juu iliamua kuwa kifungu cha 44 cha Sheria ya Benki kinagusa riba pia: benki haiwezi kuongeza riba bila idhini ya Waziri wa Fedha. Basi nimewaandikia barua nikitaka nakala ya idhini iliyowaruhusu kutupandishia hadi 17. Wameipiga muhuri wa kupokea. Jibu halijaja.

Tena kuna utaratibu mpya. Kuanzia 1 Septemba 2025 mikopo mipya ya riba inayobadilika inapimwa juu ya kipimo kinachoitwa KESONIA, yaani wastani wa riba ambayo benki hukopeshana kwa usiku mmoja, kisha benki inaongeza kipande chake. Mikopo ya zamani ikapewa hadi 28 Februari 2026 kuhamia huko. Kipimo hicho ni cha wazi, kila mtu anaweza kukiona. Ugomvi utakuwa kwenye kile kipande cha benki. Ulizeni ni nukta ngapi na kimepatikanaje, msingoje SMS nyingine.

Kwa wanaofikiria kukopa sasa, nawapa hesabu ambazo mimi sikupewa na mtu. Mkopo uleule wa milioni 5 kwa asilimia 13 ukilipwa kwa miaka 10 badala ya 20, malipo ni kama Sh74,655 kwa mwezi na jumla ni karibu milioni 9. Elfu kumi na sita zaidi kwa mwezi zinakuokolea milioni tano. Huna kumi na sita? Ongeza elfu tano tu kila mwezi kuanzia mwanzo: mkopo wa miaka 20 unaisha katika mwaka wa kumi na tano, na umebakiwa na zaidi ya Sh2.7 milioni. Ila hakikisha kwa maandishi kwamba ile ziada inapunguza deni lenyewe. Kuna benki zinaiweka kando kama malipo ya mwezi ujao, na hapo hujafaidi kitu. Uliza pia kama kuna faini ya kulipa mapema.

Jihadharini na riba ya "flat". Kuna muuza nyumba mmoja amekuwa akiwavuta walimu kwa asilimia 10 flat, na watu wanakimbilia kwa kuwa 10 ni ndogo kuliko 13. Flat inatozwa juu ya milioni 5 nzima miaka yote 20, hata ukiwa umebakiza laki moja. Jumla ni milioni 15, ghali kuliko ile 13 yetu ya awali.

Iko pia mikopo inayopitia Kenya Mortgage Refinance Company (KMRC), ile kampuni inayozikopesha benki na vyama vya akiba na mikopo kwa riba nafuu ili nao wakopeshe wananchi kwa riba ya tarakimu moja, yaani chini ya asilimia 10. Kwa asilimia 9.5 isiyobadilika, milioni 5 kwa miaka 20 ni kama Sh46,600 kwa mwezi, jumla milioni 11.2. Bado ni nyingi, lakini ni karibu milioni tatu pungufu, na unalala ukijua mwisho wake. Sisi tulipoanza kampuni hiyo ilikuwa bado haijaanza kukopesha. Leo ipo, na matawi mengi hayakutajii mpaka uulize. Wenye kukimbia riba kwa dini yao wana murabaha kwenye benki za Kiislamu: benki inanunua nyumba, inakuuzia kwa bei iliyokubaliwa. Si lazima iwe rahisi zaidi, lakini jumla unaijua siku ya kwanza.

Walio na mkopo tayari kwa nyumba wanayoishi, dai nafuu ya kodi. Tangu mwisho wa Desemba 2024 riba ya hadi Sh360,000 kwa mwaka inaondolewa kwenye mapato yanayotozwa kodi. Kwa aliye kwenye ngazi ya asilimia 30 ni Sh9,000 kwa mwezi zinazobaki mfukoni. Walimu wengi hapa hawajawahi kuwasilisha karatasi hizo, na hakuna afisa wa benki aliyewakumbusha.

Na mkishindwa kulipa msikimbie nyumba kwa vitisho vya simu. Benki lazima ikupe ilani ya miezi mitatu, kisha ya siku 40 kabla ya kuuza, na dalali wa mnada ana ilani yake ya siku 45. Ikiuzwa kwa bei iliyo chini ya thamani ya soko kwa robo au zaidi, sheria inachukulia kuwa benki imevunja wajibu wake mpaka ithibitishe vingine. Na mkopo ukishahesabiwa kuwa haulipiki, riba inayoongezwa haiwezi kuzidi deni la msingi lililokuwepo siku hiyo. Hicho ni kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki. Kichapeni mkiweke pamoja na barua ya ofa.

Ninachotaka kwenu leo ni hiki. Kama una mkopo wa nyumba na unaishi Malindi, Watamu, Lamu au popote Pwani, andika hapa chini: ulikopa mwaka gani, riba ilikuwa ngapi, ilipanda lini, imeshuka lini na kwa nukta ngapi. Majina ya benki na yenu msiweke. Wakili anasema barua ya mtu mmoja wanaiweka chini ya faili, ila tukiwa wengi wenye tarehe na namba atatupeleka Benki Kuu sote kwa pamoja. Stetimenti yangu ninayo, ya nani nyingine?